Naenda Hapo Tu

Kwetu Nambis, mtu akikutana nawe njiani, mkishamaliza shikamoo na marahaba, mkishaulizana habari za ng'ombe na za mvua, atakuuliza unaenda wapi. Nawe utamjibu, "Naenda hapo tu." Utasema hivyo hata kama umevaa viatu vya kanisani na umebeba begi la nguo za wiki nzima. Hapo tu inaweza kuwa kisimani, inaweza kuwa Arusha. Aliyeuliza ataridhika na kukutakia safari njema, kwa sababu hakuuliza ili apate kujua. Aliuliza ili usipite kama mtu asiye na kwao. Ukitaka kumweleza utamweleza, usipotaka basi, na hakuna atakayekushika mkono na kudai umwonyeshe hapo ni wapi.

Nilikua na jibu hilo mdomoni na sikuwahi kulifikiria, mpaka serikali iliponiletea mfumo usiolielewa.

Mimi ni mwalimu wa Historia. Ninafundisha sekondari moja upande wa Hanang, chini ya mlima, ambako watoto wengine wanatembea kutoka njia ya Gehandu na kufika asubuhi wakiwa na vumbi mpaka kwenye nyusi. Kutoka hapo hadi nyumbani kwa mama yangu ni safari ya kuchosha: unapanda ule mlima wa Bonde la Ufa, unapita Dongobesh, unabadilisha gari, unamalizia na bodaboda. Naeleza mapema kwa sababu umbali huo ndio ulioniumiza.

Mfumo uliletwa na maofisa wawili waliokuja na gari jeupe na tabasamu. Walituingizia programu kwenye simu zetu wenyewe, simu tulizonunua wenyewe. Asubuhi ukifika unabonyeza, simu inatafuta mahali ulipo, kisha inaandika kwa kijani: Uko ndani ya eneo la kazi. Ukiwa nje ya duara walilochora kwenye ramani, inaandika kwa nyekundu: Uko nje ya eneo la kazi. Jioni unabonyeza tena. Na katikati ya siku, wakati wowote inapojisikia, inatetemeka na kukutaka uthibitishe kwamba bado upo. Usipothibitisha, jina lako linaonekana huko juu kabla hata mkuu wa shule hajajua.

Niliuchukia siku hiyohiyo na ninauchukia leo. Watu wenye busara hunieleza kwamba kulikuwa na walimu waliopokea mshahara huku wanalima vitunguu na kuendesha maduka mjini. Ni kweli, nawafahamu, wengine niliwahi kununua vitunguu vyao. Basi mngewafuata hao mashambani kwao. Mimi nilifundisha nikiwa na malaria, nilifundisha nikiwa na ujauzito mpaka ubao ukawa unanigusa tumbo, na hakuna aliyenifunga kengele shingoni.

Tena aliyechora duara la shule yetu alikuwa amekaa mbali, maana duara lake liliacha nje choo cha walimu. Siku moja simu ilitetemeka nikiwa humo. Kesho yake mkuu wa shule akaniita.

"Mwalimu, jana ulikuwa nje ya eneo la kazi."

"Nilikuwa chooni."

"Mfumo unasema ulikuwa nje."

"Choo chenyewe kiko nje, mkuu."

Akaitazama simu yake, akanitazama mimi, akarudi kuitazama simu. "Sasa ujitahidi," akasema.

Nijitahidi nini, hakufafanua. Mkuu wetu ametoka mikoa ya kusini, mtu msafi, anayepiga pasi hata leso. Walimu wenzangu husema si mtu mbaya. Mimi nasema ni mbaya wa aina ile nadhifu. Hakuwahi kumpigia mtu kelele wala kumtukana. Alikuwa anaamini tu kila kilichoandikwa kwenye kioo cha simu, na aliyesimama mbele yake akiwa na mdomo na machozi ilibidi asubiri kioo kimalize.

Ndipo nilipoanza kwenda China.

Katika stoo ya shule kulikuwa na maboksi ya vitabu vya msaada ambavyo hakuna aliyevigusa, na ndani yake nilikuta kitabu kikubwa cha picha juu ya historia ya China ya kale. Mtaala wetu unaigusa China kwa ncha ya kidole, habari za hariri na vyombo vya kauri, basi. Mimi nilikisoma chote, jioni baada ya jioni, nikisubiri muda wa kubonyeza ufike. Mwanafunzi mmoja aliwahi kuniuliza darasani lile swali wanalolipenda watoto: "Madam, kama ungeweza kurudi nyuma, ungeenda wakati gani?" Walitegemea niseme Kilwa, au Misri ya mapiramidi. Nikasema ningeenda China, wakati wa mfalme wa kwanza aliyeziunganisha falme zote kuwa nchi moja.

"Kufanya nini, madam?"

"Kutoroka," nikasema, na darasa zima likacheka.

Sikuwa natania. Katika nchi ya mfalme yule kila kaya ilikuwa imeandikwa kwenye vipande vya mianzi na mbao. Kaya zilifungwa pamoja tano tano, kila moja ikichunga nyingine, na mmoja akificha kosa la mwenzake wote wanaadhibiwa. Kwenye malango kulikuwa na askari. Huwezi kupita kutoka wilaya hadi wilaya bila kibali, huwezi kulala nyumba ya wageni bila kujitambulisha. Nilisoma nikaona wale watu walishaufikiria mfumo wetu zamani sana. Walichokosa ni setilaiti tu.

Basi kikao cha walimu kinapoanza na mkuu anasoma majina ya waliokuwa nyekundu, mimi naondoka. Nashukia pembeni ya shamba la mtama, nimevaa kitenge changu na viatu vya kazini. Wanawake wa Kichina wanapalilia. Kupalilia najua, nimefundishwa na mama yangu kwa kofi. Naingia kwenye mstari wao, tunaenda pamoja, hatusemezani. Kisha naacha jembe na kuifuata njia mpaka langoni. Askari ananizuia na mkuki. Unaenda wapi? Naenda hapo tu. Siku nilizoamka vizuri alikuwa ananifungulia. Siku nyingine alidai kibali, nikalazimika kurudi kikaoni nikiwa na hasira mara mbili.

Kilichonifurahisha zaidi katika kitabu kile ni habari ya waziri mmoja, aliyeishi kabla ya mfalme huyo, ambaye ndiye aliyezitunga sheria nyingi za namna hiyo. Mtawala aliyempenda akafa, mrithi akamgeuka, waziri akakimbia. Akafika kwenye nyumba ya wageni karibu na mpaka, akaomba alale. Mwenye nyumba hakumjua. Akamwambia samahani, sheria ya waziri hairuhusu kumlaza mtu asiyejitambulisha. Niliposoma hapo nilicheka peke yangu stoo mpaka mlinzi akaja kuchungulia. Kuanzia siku hiyo sikwenda China peke yangu. Nilimchukua mkuu wa shule. Yeye ndiye anayegonga, leso yake iliyopigwa pasi imelowa mvua, na mimi ndiye mwenye nyumba. "Pole sana, mkuu," namwambia kupitia upenyo wa mlango. "Uko nje ya eneo." Nilimwacha kwenye mvua ile mara nyingi sana, na sikuwahi kumhurumia.

Mama alianza kuvimba miguu kipindi hicho cha mfumo. Ilikuwa moyo, walisema, na umri. Aliishi na mdogo wangu wa kiume, kitinda mimba, ambaye ndiye aliyebaki na boma. Nilikuwa nakwenda kila Ijumaa jioni na kurudi Jumapili nikiwa hoi. Nilimweleza habari za simu inayotaka kujua niko wapi. Akafikiri, akasema, "Sasa ikikuuliza si uiambie unaenda hapo tu?" Nikamwambia haielewi. Akatikisa kichwa, akaniuliza imefunzwa adabu na nani. Mama yangu hakusoma, lakini kwa mambo ya adabu alikuwa mkali kuliko padri. Mtoto aliyepita bila kusalimia aliitwa kwa jina la baba yake mpaka arudi.

Jumatano moja jioni mdogo wangu akanipigia. "Dada, mama anakutaja sana. Ungekuja umwone." Akamweka mama kwenye simu. Alihema kidogo, akasema kwa Kiiraqw kwamba hataki kitu, anataka tu nije. Mama hakuwa mtu wa kuomba. Nilienda nyumbani kwa mkuu wa shule saa hiyohiyo.

"Mwalimu, ukaguzi ni Ijumaa," akasema. "Na mama yako si anaumwa tangu masika? Kila wiki anaumwa."

"Kila wiki anaumwa kwa sababu hajapona."

"Nenda Jumamosi."

"Na kama Jumamosi ni mbali?"

"Tumwombe Mungu, mwalimu."

Nilitoka pale bila kuaga. Sijui kama niliwahi kumchukia mtu namna ile. Nilitamani nimkute kweli kwenye ile nyumba ya wageni, nimtoe nje kwa mikono yangu.

Mwalimu wa Kemia ndiye aliyenitatulia. Ni mwanamke wa Tanga, Mwislamu, rafiki yangu wa pekee pale shuleni. Asubuhi ya Alhamisi alinikuta nimesimama nje ya ofisi ya walimu, nimeshabonyeza, kijani, na machozi. Nilipomweleza, akanyoosha mkono.

"Lete simu. Na unipe neno lako la siri. Ikitetemeka nitabonyeza, jioni nitabonyeza."

"Wakijua watatufukuza wote wawili."

"Mama yangu mimi alizikwa nikiwa nasimamia mtihani," akasema. "Lete simu."

Nikampa. Tangu mfumo uje walimu wengi walikuwa wanabebana hivyo, ila mimi ilikuwa mara ya kwanza. Nilipitia nyuma ya jiko la shule na kutokea barabarani.

Naandika kwa hasira, lakini hili siwezi kulificha: nilifurahi. Mkononi hakukuwa na kitu na mfukoni hakukuwa na kitu cha kutetemeka. Gari lilipoanza kupanda mlima, na bonde likabaki chini na mashamba yake ya ngano, nilijiona nimevuka lango la mfalme na askari amelala. Palipokuwa na abiria wa kupakia tulisimama, na mama mmoja mwenye debe la maharage akaniuliza naenda wapi. "Naenda hapo tu," nikasema, na nikalisikia neno lenyewe tamu mdomoni. Serikali ilijua niko shuleni. Mimi nilikuwa nakwenda kwa mama yangu na hakuna aliyejua niko wapi.

Nilifika Nambis nikakuta mlango wa mama umefungwa kwa kamba.

Niliita. Nikaita kwa Kiiraqw, "Aayo! Aayo!" ndivyo tunavyomwita mama, nikazunguka nyumba, nikaenda mpaka zizini. Ng'ombe walikuwa bado hawajafunguliwa, na mdogo wangu si mtu wa kuwaacha ng'ombe ndani mpaka jua lipande. Jirani yetu, bibi mmoja mzee ambaye shamba lake limepakana na letu, akaja akipita katikati ya mahindi.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mwanangu. Mbona umekuja wenyewe wametoka? Walimchukua mama yako asubuhi. Alizidiwa. Mdogo wako na mkewe wote wameenda naye, kwenye gari la kukodi."

"Wamempeleka wapi?"

"Sikujua. Nilikuja mpaka kwenye gari kumpa pole. Alikuwa amekaa nyuma, amefunikwa shuka la bluu. Nikamuuliza, unaenda wapi mwenzangu? Akanijibu vizuri kabisa, naenda hapo tu."

"Hapo wapi, bibi?"

Akanitazama kama mtu aliyetukanwa. Hapo wapi ni swali ambalo kwetu haliulizwi.

"Sasa ningemuulizaje mgonjwa?" akasema. "Amesema hapo tu. Ningeanza kumchimba?"

Nilitaka kumpigia kelele. Nilitaka kumshika mabega yale membamba na kumtikisa. Ningemlaumu nini? Alifanya kile ambacho mama yangu mwenyewe alitufundisha kwa kofi. Nikamwomba simu yake, kitochi kilichofungwa mpira, nikasimama nacho mkononi kama mjinga, maana namba ya mdogo wangu ilikuwa ndani ya simu yangu. Kichwani nilikuwa na namba moja tu, na ilikuwa yangu. Nikaipiga. Ikaita mpaka ikakata. Nikapiga tena. Kumbe mwalimu wa Kemia alikuwa ameiweka kimya kwenye droo, isije ikalia juu ya meza na kuonekana iko kwa nani. Kila alipotoka darasani aliifungua, anaangalia kama mfumo umeuliza, anabonyeza. Aliona namba ya mdogo wangu imepiga na kupiga. Aliogopa kupokea, akasema moyoni kwamba bila shaka tumeshaonana, ni simu za asubuhi.

Nikakisia. Mtu wa Nambis akizidiwa anapelekwa mjini Mbulu, ndiyo karibu. Nikachukua bodaboda na kumwambia dereva apite Endagikot, asiangalie mashimo. Hospitali ya mjini nilizunguka wodi moja baada ya nyingine. Nilimweleza nesi jina la mama, umri, shuka la bluu. Alitafuta kwa moyo wote, akaniambia hawajapokea mgonjwa wa namna hiyo. Nikakaa kwenye ngazi.

Pale kwenye ngazi China ilinijia bila kuitwa, na ilinijia vibaya. Niliona lango na askari na vile vipande vya mianzi, na kwa mara ya kwanza sikutaka kumtoroka. Nilitaka kumwuliza. Askari yule angejua. Angepekua mianzi yake na kuniambia mwanamke mzee, kaya fulani, amepita lango la magharibi asubuhi akiwa kwenye gari na watu wawili. Ningempigia magoti. Ningeibusu ile mianzi. Nilijichukia kwa wazo hilo, lakini niliwaza hivyo, na anayeniambia kwamba yeye asingewaza hivyo hajawahi kumtafuta mama yake.

Magharibi. Upande huo, mbali, kuna hospitali kubwa ya misheni ambako watu wetu wanapelekwa hali ikiwa ngumu. Nikatafuta gari. Niliondoka nikiwa na hakika nusu, na njia nzima nilikuwa nabishana na ile nusu nyingine.

Nilimkuta mdogo wangu kwenye benchi nje ya wodi, jua likiwa limeshapinda, shuka la bluu limekunjwa mapajani. Sikuhitaji kuambiwa. Nikaanguka pale chini, na mkewe akanishika.

Mdogo wangu hakunishika. Alisubiri ninyamaze, akasema, "Simu yako ilikuwa inaita."

"Nilikuwa njiani."

"Njiani bila simu?"

Mdogo wangu ana sifa nyingi nzuri ila hajui kutunza siri. Jambo likimfikia yeye asubuhi, jioni Dongobesh nzima inalijua, na mwalimu wa Kemia angefukuzwa kazi kwa ajili ya mama yangu. Basi nikanyamaza. Naye akaujaza ule ukimya kwa maana aliyoiona yeye. Hakusema nami tena, si kwenye gari la kurudisha mwili, si nyumbani. Shangazi zangu walianza kuniepuka wakati wa kula. Nilisikia mmoja akisema jikoni kwamba kusoma sana kunamfanya mtu aangalie jina la mama yake kwenye simu na kuirudisha mfukoni.

Rafiki yangu alipokuja na simu yangu alilia mpaka nikamwonea huruma. Tukahesabu njia. Kutoka shuleni kwetu kuna njia ya kupitia Basotu mpaka hospitali ile. Kama ningekuwa na simu yangu, mdogo wangu angeniambia wapi, ningeshika njia hiyo na ningefika mama akiwa bado anaongea. Sikumlaumu rafiki yangu, na sitamlaumu. Nililaumu kule ninakolaumu siku zote.

Siku ya maziko walikuja walimu wote, na mkuu wa shule mbele yao, suti nyeusi. Ukaguzi ulikuwa umepita vizuri. Jeneza lilikuwa uani, chini ya turubai, watu wa Nambis wamejaa mpaka kwenye mahindi. Mchungaji alimkaribisha mwajiri atoe salamu za rambirambi. Mkuu akashika kipaza sauti, akatoa pole kwa ukoo, akasema maneno yanayosemwa. Kisha akaongeza la kwake.

"Ndugu waombolezaji, nataka mjue mlizaa mwalimu wa namna gani. Huyu ni mfano wa kuigwa. Alhamisi ile, siku ambayo mama yetu anatutoka, mwalimu huyu alikuwa kazini. Mfumo unaonyesha. Aliripoti asubuhi, kila alipoulizwa alithibitisha, mpaka jioni hakutoka nje ya eneo la kazi. Aliweka taifa mbele. Mama huyu ajivunie huko aliko."

Kulipita mngurumo katikati ya watu. Shangazi yangu mkubwa akajifunika uso na khanga. Mdogo wangu alikuwa ametazama chini, na niliona taya lake linacheza.

Mkuu alikuwa ananitazama kwa wema. Hilo ndilo lililonichoma kuliko yote, alidhani amenipa zawadi. Nilijaribu kukimbia. Nililitafuta lile shamba la mtama, nikatafuta mstari wa wanawake, lango, hata mvua na yule mtu wa kumfungia mlango. Hakuna kilichokuja. Kulikuwa na jeneza la mama yangu na watu wote waliomfahamu, na walikuwa wamesikia kwamba binti yake hakuja kwa sababu alikuwa kazini.

Nikainuka. Nikatazama benchi la walimu. Mwalimu wa Kemia alikuwa mwisho kabisa, ushungi umemzunguka uso. Alijua ninachotaka kufanya. Alishusha macho, akayainua, akaitikia kwa kichwa.

Nikachukua kipaza sauti mkononi kwa mkuu wa shule.

"Alhamisi sikuwa kazini," nikasema. "Simu yangu ndiyo iliyokuwa kazini. Mimi niliondoka asubuhi."

"Mwalimu," mkuu akasema kwa sauti ya chini, "unajua unachokisema?"

"Najua, mkuu. Andika."

Hapo mdogo wangu akainua kichwa, na mbele ya watu wote akanisemesha kwa mara ya kwanza tangu hospitali.

"Ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa hapa," nikamwambia. "Nilikuwa kwenye mlango ule pale. Nilikuwa naita."

Kisha kutoka upande wa wanawake akasimama bibi jirani yetu, kwa shida, akishikilia bega la mwenzake. "Ni kweli," akasema. "Alikuja. Alimwita mama yake akizunguka nyumba. Mimi ndiye niliyemwambia sijui walikoenda."

Mchungaji hakujua asubiri au aendelee. Mdogo wangu akaja mpaka nilipokuwa nimesimama, akakichukua kipaza sauti taratibu mkononi mwangu, akakizima.

"Mama alikuwa anasema uko njiani, unakuja," akaniambia. "Sisi tukawa tunamwambia hupokei."